Dilka, Singo na Tufe la Povu

Miongoni mwa mambo yanayomtaabisha mwalimu wa Kiswahili hapa Juba, majina ya vitu vya nyumbani yashinda sarufi. Ngeli hufundishika. Mwanafunzi mwenye bidii huzishika kwa muda wa miezi michache, na makosa yake hupungua kadiri anavyosoma. Lakini jina la kitu cha jikoni au cha bafuni huja pamoja na nyumba yake, na nyumba hiyo ikiwa mbali, jina hubaki juu ya ulimi tu, halishuki. Katika makala haya twapenda kuwasimulia walimu wenzetu habari ya kitu kimoja kidogo, donge la kuogea linalofoka likitiwa majini, na mabishano liliyotuletea darasani. Wengine wataona kwamba jambo lenyewe ni dogo mno kwa jarida hili. Sisi hatukuliona dogo.

Donge hilo si la kale. Lilibuniwa mwaka 1989 na Mo Constantine, mwanamke wa mji wa Poole, kusini mwa Uingereza, ambaye baadaye alikuwa mmoja wa waanzilishi wa kampuni ya Lush. Alikichukua kile kidonge cha dawa kinachofoka ndani ya bilauri, akakifanya kikubwa, akakitia mafuta na manukato, kikawa cha kutupwa ndani ya hodhi la kuogea. Siku hizi hutengenezwa katika majumba ya watu duniani kote, hasa kwa ajili ya zawadi. Juba huja kwa barabara ya Nimule, ndani ya mizigo ya wasafiri watokao Kampala na Nairobi, likiwa limefungwa kwa karatasi ya kung'aa. Waingereza huliita bomu.

Darasa letu la jioni ni la watu wazima. Wamo wauguzi, makarani wa forodha, wenye maduka na akina mama wa nyumbani. Wengi walikuja baada ya Sudan Kusini kuingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2016, wakiona kwamba lugha ya sokoni na ya mpakani yafaa isomwe vizuri, si kuokotwa tu. Nasi walimu tumechanganyika: baadhi yetu ni wa pwani, wengine walilelewa katika kambi ya Kakuma, wakarudi na Kiswahili cha huko, ambacho kina ladha yake. Siku moja muuguzi mmoja alilileta donge lile, akatuuliza liitwaje, na je, somo la wiki ile la kutoa maelekezo lisingeweza kuwa somo la kulitengeneza? Alitaka kuwapa wenzake wa wodini zawadi. Tulikubali mara moja, kwa kuwa hakuna mfano mzuri wa maelekezo kuliko kazi ya mikono: chukua, pima, changanya, nyunyiza, shindilia, acha likauke.

Basi mmoja wetu aliandika ubaoni "bomu la kuogea", na darasa likanyamaza.

Yafaa msomaji aliye mbali akumbuke mji huu ulivyopita. Mizinga ililia Juba mnamo Desemba 1983? La, vita vya wakati ule ni habari nyingine, na wazee wanazo zao. Twasema habari za Desemba 2013 na za Julai 2016, ambazo kila aliyekaa katika darasa lile alikuwa na umri wa kuzikumbuka. Neno bomu hapa si la mchezo wala si la mfano. Yule muuguzi mwenyewe ndiye aliyevunja kimya. "Mwalimu," alisema, "neno hili mimi siwezi kumpelekea mtu kama zawadi." Aliyeandika alifuta, na tangu hapo kazi ya kwanza ya somo ikawa kutafuta jina.

Twaona ni vema kuyaeleza mapendekezo yaliyotolewa, kwa sababu katika kuyakataa wanafunzi walijifunza msamiati mwingi kuliko katika kuyakubali. Lilitajwa "kidonge". Likakataliwa, kwani kidonge humezwa, na wauguzi walihofia watoto. Likatajwa "tonge", na watu wakacheka, maana tonge mahali pake ni sahanini. "Donge" lilipata watetezi, walakini wengine walisema donge hulisikia katika habari za damu na za moyo wenye chuki, si zawadi ya arusi. "Mpira" halikukaa hata dakika. Mwisho lilisimama "tufe", kwa hoja kwamba linataja umbo tu na halina kisa. Karani mmoja alipinga kwamba tufe ni lile la chuma linalotupwa na wanariadha. Tulimjibu kwamba hili nalo latupwa, ila majini. Likawa tufe la povu. Hatusemi kwamba ni jina lililo bora kuliko yote. Twasema kwamba lilichaguliwa na watu watakaolitumia, na hilo kwa maoni yetu lina uzito kuliko mapendekezo mengi yanayotoka mezani kwa mtaalamu.

Sasa kazi yenyewe. Huchukuliwa vikombe 2 vya ile soda nyeupe ya kuumulia maandazi, iliyo laini kama unga, na kikombe 1 cha asidi ya malimau, ambayo ni chenga nyeupe mfano wa sukari. Vyombo na mikono iwe mikavu. Vikishachanganywa na kuvunjwa mabonge, hutiwa vijiko 2 au 3 vya mafuta, na hapa twatumia ya ufuta kwa kuwa yapatikana, pamoja na matone machache ya manukato. Mafuta ya karafuu ni makali, yakizidi huunguza ngozi. Kisha maji hunyunyizwa kwa uchache mno, mkono ukichanganya bila kusita, mpaka unga ushikamane kama mchanga wa pwani uliolowa. Hapo hushindiliwa ndani ya kikombe cha chai au kibuyu kidogo kilichokatwa, hupinduliwa taratibu, na huachwa mahali pakavu hata kesho yake.

Soda na asidi hukaa pamoja kwa amani maadamu ni kavu. Maji yakiingia, huungana papo hapo, na katika kuungana huko hutoka hewa ya kaboni dayoksaidi, ile ile iliyo ndani ya soda za chupa, nayo ndiyo ifanyayo povu. Kwa hiyo katika miezi ya mvua ya Juba, kuanzia Aprili hata Oktoba, tufe lililoachwa wazi huanza kufoka polepole kwa unyevu wa hewa, likavimba na kupasuka pasipo kuguswa. Kopo lenye kifuniko kinachobana ni la lazima. Tena kuna jambo moja lililowashangaza wanafunzi wote: mwitikio huo hautoi joto, bali hula joto. Maji yale huonekana kama yanachemka, kumbe yanapoa kidogo. Mwanafunzi mmoja aliandika katika daftari lake, "yachemka baridi", nasi hatukumsahihisha.

Hapa hatuna budi kuonya juu ya neno magadi. Walimu wengi, wakiulizwa ile soda ya kuumulia, husema magadi, na katika mapishi ya maharagwe haileti neno. Lakini magadi yachimbwayo katika Ziwa Magadi kule Kenya, na ile atron ya jangwa la Darfur inayouzwa katika masoko ya huku kwa ajili ya kupikia bamia, ni chumvi yenye ukali zaidi kuliko soda ya maandazi, kwa kuwa imechanganyika na kaboneti ya sodiamu. Haifai kukaa juu ya ngozi. Katika darasa la lugha kosa la jina husahihishwa kwa kalamu nyekundu. Katika kazi hii lingesahihishwa na mwili wa mtu.

Palikuwa na shida nyingine ambayo soda haikuweza kuitatua. Tufe la povu lilibuniwa kwa ajili ya hodhi, na hodhi linataka maji ya kujaza mapipa. Juba imekaa juu ya ukingo wa Mto Nile, lakini mto kuwa karibu si sawa na maji kuwa nyumbani. Nyumba nyingi hununua maji kwa pipa, yakiletwa na magari ya matangi, na kuoga ni ndoo moja na kata. Si kwamba hodhi ni kitu kigeni kwa Kiswahili. Barghash bin Said, aliyetawala Zanzibar tangu 1870 hadi 1888, aliujengea mji hamamu, na mtaa wake waitwa Hamamni hata leo. Katika nyumba za kale za mawe kule Lamu lilikuwamo birika la maji ya kuogea, na ndani ya birika walifugwa samaki wadogo ili wale viluwiluwi vya mbu. Lakini hayo ni ya pwani na ya wenye nafasi. Hapa tulikubaliana kwamba tufe lifanywe dogo, la kiasi cha limau, na liwe la kuoshea miguu ndani ya beseni. Kwa muuguzi aliyesimama wodini saa 12, katika joto la Machi, beseni la maji yanayochemka baridi si anasa ya kudharauliwa.

Tulidhani somo limekwisha. Basi mama mmoja mtu mzima, aliyekuwa amekaa nyuma na kusikiliza bila kutia neno, akainua mkono. Mama huyu aliishi Khartoum zaidi ya miaka 20, akarudi kusini kwa njia ya Renk baada ya vita vilivyolipuka kule tarehe 15 Aprili 2023. Alirudi na watoto na bahasha ya vyeti, basi. "Hili lenu," alisema kwa Kiswahili chake kipya, akichagua neno moja moja, "laisha dakika 3. Dilka yataka siku." Tulimwomba aje mbele afundishe yeye.

Dilka ni kinyago cha mikono ya wanawake wa Sudan, na kwa kinyago tunamaanisha kitu kilichochongwa kwa subira. Unga wa mtama hukandwa kwa maji pamoja na manukato yaliyosagwa: karafuu, sandali, na mbegu za mahlab ambazo ni kokwa za aina ya mcheri. Kinyunya hicho hupakwa ndani ya bakuli pana, na bakuli hupinduliwa juu ya moshi wa vijiti vya talih. Talih ni mgunga, ule ambao wataalamu wa mimea huuita Acacia seyal. Kila baada ya muda kinyunya hugeuzwa na kukandwa upya, kikarudishwa motoni, siku baada ya siku, mpaka kiwe cha rangi ya kahawia na moshi umeingia hata ndani. Ndipo hutiwa mafuta na manukato ya maji, kikahifadhiwa katika chombo kilichofunikwa. Mwenye kukitumia hukilowesha kidogo, akajisugua mpaka kikauke na kupukutika pamoja na nongo. Maji yanayohitajika ni ya kujaza kiganja.

Akatueleza pia dukhan, kuoga kwa moshi, ambako maji hayahitajiki kabisa. Shimo huchimbwa chini, ndani yake huwekwa chungu chenye makaa na vijiti vya talih. Mwanamke hujipaka mafuta, akaketi juu ya jamvi lenye tundu katikati, akajifunika blanketi zito la sufu liitwalo shamla mpaka shingoni. Moshi humpanda mwilini, jasho likamtoka, na ngozi ikapata rangi ya manjano inayong'aa na harufu isiyoondoka upesi. Kwa desturi ni jambo la biharusi na la mwanamke aliyeolewa. Bwana arusi huleta, pamoja na nguo, manukato makavu yasiyotengenezwa, na wanawake hukutana siku maalumu kuyatwanga kwa nyimbo. Wasomaji wetu wa pwani wataona kwamba zawadi hapo ni nusu tu. Nusu ya pili ni mikono ya jirani.

Mwenzetu wa Mombasa hakuweza kutulia. "Hii ni singo!" alisema, akaliandika ubaoni. Na kweli, mfano uko karibu. Singo ya pwani husagwa kwa karafuu, liwa, asumini na mawaridi, ikakandwa kwa marashi, na somo humsinga mwari wake nayo siku za arusi. Hata majina yamezaliwa kwa njia moja: singo hutokana na kusinga, na dilka hutokana na kitenzi cha Kiarabu chenye maana ya kusugua. Lugha mbili zilitazama kazi moja, zikaita kitu kwa jina la tendo la mkono. Aliyeandika alitaka kuweka alama ya sawasawa baina ya maneno hayo mawili, na hapo yakazuka mabishano mapya ambayo hayakuwa ya msamiati.

Karani wa forodha alisema kwamba dilka isitafsiriwe wala isifundishwe. Ni mambo ya Waarabu wa kaskazini, alisema, na nchi hii haikupigana miaka yote ile ili ikae darasani kujifunza manukato yao. Katiba ya mpito ya mwaka 2011 ilifanya Kiingereza kuwa lugha rasmi na kuiacha Kiarabu nje. Kwa nini Kiswahili kiirudishe kwa mlango wa bafu? Wengine waliguna kumkubali. Yule mama hakukasirika. Alisema kwamba yeye ni Mbari, mama yake ni Mbari, na dilka alifundishwa na jirani yake kule Khartoum katika miaka ambayo hapakuwa na pengine pa kukaa. Jirani huyo hajui kama yu hai. "Nikitwanga karafuu," alisema, "ninatwanga naye."

Mwalimu hana haki ya kumwamulia mtu kilicho chake na kisicho chake, nasi hatukujaribu. Lakini hatukuweza kunyamaza juu ya hoja moja. Shutuma iliyotolewa kwa dilka ndiyo iliyotolewa tangu zamani kwa Kiswahili chenyewe, kwamba ni cha Waarabu, eti kwa kuwa kina sabuni, marashi na karafuu. Waliofundisha Kiswahili bara waliisikia, na sisi twaisikia hapa. Neno likikaa katika kinywa cha watu muda wa kutosha, likapata viambishi vyao, likazaa methali zao, asili yake huwa ni habari ya kamusi. Na Kiarabu cha Juba, ambacho karani yule hukitumia kila siku kugombana na madereva, ni ushahidi mkubwa kuliko wowote tungeoweza kuuleta. Hata maji katika lugha hiyo huitwa moyo. Mwanafunzi mpya akisoma kwamba moyo wa fulani umejaa furaha, huona beseni. Tumekwisha kuzoea.

Kuhusu tafsiri, hata hivyo, tulimkatalia mwenzetu wa Mombasa. Singo ni ya maua na marashi, dilka ni ya nafaka na moshi. Anayesema singo huko Lamu hanusi mgunga uliochomwa. Kwa hiyo tuliandika "dilka" kama lilivyo, katika ngeli ya i- na zi-, tukaliwekea maelezo kwa Kiswahili. Tunajua wapo wanaochukia maneno ya mkopo na watatuuliza kwa nini hatukubuni. Tungewauliza nao ni jina gani lililobuniwa ambalo mama yule angelitambua.

Zawadi zilitolewa tarehe 7 Julai, Siku ya Kiswahili Duniani, iliyotangazwa na UNESCO mwaka 2021, ambayo kwetu hutangulia sikukuu ya uhuru kwa siku 2. Yalikuwapo matufe 31 ndani ya makopo ya maziwa ya unga, kila kopo na karatasi yenye maelekezo yaliyoandikwa na wanafunzi wenyewe: weka mbali na unyevu, usile, tia katika beseni la maji ya vuguvugu. Ilikuwapo pia dilka, chupa ndogo 6 tu, kwa sababu moshi hauharakishwi. Karani wa forodha alichukua chupa moja. Alisema ni ya mkewe, na hakuna aliyemuuliza zaidi.

Muuguzi aliyeanzisha yote aliwakalisha wenzake wawili waliotoka zamu ya usiku, akaweka beseni uani, akatia tufe. Lilizunguka, likafoka, likaisha, kwa muda usiofika dakika 3 kama ilivyosemwa. Walikaa na miguu ndani hata povu lilipokwisha kutulia. Kisha mmoja akalibeba beseni na kuyanyunyiza yale maji uani ili kulaza vumbi, kwa kuwa palikuwa bado hapajafagiliwa.